Archelon na kasa wetu wa Pangani

Ndugu uliyeuliza kama Archelon, kasa mkubwa wa kale aliyekwisha toweka, ndiye babu wa kasa wanaotaga Ushongo, huku kwetu Pangani: hapana, ukoo wake, Protostegidae, ulikwisha kabisa. Wieland, mtaalamu wa visukuku, alimchimbua South Dakota, Marekani, mwaka 1895, mnyama wa zaidi ya mita 4! Ubishi uko kwenye nasaba. Gamba lake halikuwa bamba zima, mbavu zimeachana kama mataruma ya dau lisilopigwa mbao, ndiyo maana wengine humweka jirani na noa, yule kasa wa ngozi. Wengine husema ukoo huu wa Protostegidae uliingia baharini kivyake, mbali na kasa wa leo. Mimi nawaunga mkono hawa: Santanachelys wa Brazili, wa ukoo huohuo, wa miaka milioni 110 hivi, vidole vya pezi lake vilikuwa bado vinakunjika, tofauti na pezi gumu la kasa wa leo; yaani ukoo huu ulijitengenezea pezi lake wenyewe.