Duara la Mawe Shambani: Kaburi, Zizi au Kalenda ya Jua?

Barua tatu tulizopokea mwezi huu kutoka mikoa ya kati zimeuliza habari za mawe ya kale. Tumezifupisha kidogo na kuzijibu pamoja.

SWALI: Ndugu Mhariri, mimi ni mwalimu mstaafu wa kata ya Haneti, wilaya ya Chamwino. Mwaka huu, tulipokuwa tukifyeka kipande cha shamba ambacho hakijalimwa tangu enzi za marehemu baba yangu, tulikuta chini ya vichaka vya miiba mawe yaliyopangwa kwa duara. Nimelipima kwa miguu: ni hatua 14 kutoka upande mmoja hadi wa pili. Mawe mengi yananifika magotini, yamekaribiana, na upande wa magharibi kuna uwazi wa hatua 2. Ndani ya duara udongo ni wa kijivu, na majani huota kwa wingi kuliko nje. Mjukuu wangu, aliyesoma kwenye simu habari za Stonehenge, lile duara la kale la mawe makubwa huko Uingereza, anasema uwazi ule ulielekezwa jua linapotua ili wazee wahesabu majira. Shangazi yangu, ambaye ndiye mkubwa wetu aliyebaki, anasema mahali pale hapaguswi. Nani yuko sahihi? Na hayo maduara makubwa ya mawe tunayoyasikia duniani yalikuwa na maana gani hasa?

JIBU: Shikamoo Mwalimu, na ahsante kwa barua iliyokuja na vipimo. Wengi hutuandikia kwamba wameona mawe “makubwa sana”, nasi tunabaki kukisia.

Tuanze na la shambani kwako. Umbo la duara peke yake halituambii mengi, kwa kuwa watu hupanga mawe kwa mduara kwa haja nyingi za kila siku. Anayejenga kihenge hutanguliza mawe chini ili mchwa na unyevu visifikie mtama, na kihenge kikishaoza hubaki kiduara cha hatua 2 au 3 tu. Nyumba ya msonge huacha duara kubwa zaidi kidogo, ilhali tembe la Kigogo haliwezi kuacha duara lolote, maana kuta zake zimenyooka na zina pembe. Kaburi la kale la wafugaji mara nyingi huonekana kama rundo la mawe, na pengine huzungushiwa mawe yaliyosimamishwa, katikati pakiwa pameinuka. Wewe hukutaja rundo wala mwinuko. Ulichotaja ni udongo wa kijivu na majani yaliyostawi, na hizo ni dalili za samadi iliyooza kwa muda mrefu. Kwa maelezo yako, mimi ninaelekea kuamini kwamba umekuta zizi, pengine la mbuzi au la ndama, kwa kuwa kundi kubwa la ng'ombe lisingeenea ndani ya hatua 14.

Uwazi wa magharibi nao unakubaliana na zizi. Upepo wa Dodoma kwa sehemu kubwa ya mwaka huvuma kutoka mashariki na kusini mashariki, jambo ambalo kila anayefagia uwanja wake asubuhi analijua bila kufundishwa, na mfugaji mwenye akili huuweka mlango pale ambapo upepo haumpigi ndama usiku. Kama zizi hilo ni la babu yako au la watu waliomtangulia kwa karne nyingi, hilo litaamuliwa na vigae, mifupa na mkaa vilivyomo udongoni. Ufugaji katika sehemu hizi ni wa kale sana: huko Luxmanda, katika nyanda za juu za Mbulu, wanaakiolojia wamechimbua makazi ya wafugaji walioishi miaka ipatayo 3,000 iliyopita.

Sasa hoja ya mjukuu wako, ambayo ni nzuri na inastahili kupimwa badala ya kukemewa. Mwambie asimame katikati ya duara, hatua 7 kutoka kwenye ule uwazi. Uwazi wa hatua 2 kwa umbali huo huchukua nyuzi zipatazo 16 za upeo wa macho, kati ya nyuzi 360 za mzunguko mzima. Kwa mwaka mzima, hapa Dodoma, mahali jua linapotua husogea kwa nyuzi zipatazo 47 tu, kati ya ncha ya kaskazini mwezi wa Juni na ncha ya kusini mwezi wa Desemba. Maana yake ni kwamba mlango wowote wa upana huo unaotazama magharibi utaliona jua likitua ndani yake kwa takriban siku 80 kila mwaka, yaani majuma kadhaa ya Machi hadi Aprili na majuma mengine kama hayo ya Septemba hadi Oktoba. Kalenda inayoshindwa kutofautisha siku 80 haimsaidii mkulima.

Pia asitegemee dira peke yake, hasa dira ya simu. Mwaka 1978 watafiti wawili waliandika kwamba nguzo 19 za basalti (mawe meusi ya volkano) za Namoratunga, karibu na Ziwa Turkana nchini Kenya, zilielekezwa kwenye nyota zinazotumika katika kalenda ya Waborana, wafugaji wa Kenya na Ethiopia. Miaka michache baadaye ikaonekana kwamba mawe yale yenyewe yana sumaku na yalikuwa yakiivuta dira, hata vipimo vikalazimika kurudiwa. Mjadala kuhusu nguzo hizo uliendelea baada ya hapo, lakini funzo la dira lilibaki.

Isitoshe, jua la kwetu halina sababu kubwa ya kujengewa mnara. Uwanda wa Salisbury, kusini mwa Uingereza, ambako Stonehenge imesimama, hupata mchana wa zaidi ya saa 16 mwezi wa Juni na usiofika saa 8 mwezi wa Desemba. Mtu aliyeishi huko bila umeme aliliona jua likimkimbia, na siku lilipoanza kurudi ilikuwa siku ya kusherehekea. Dodoma tofauti ya mchana mrefu na mfupi haifiki saa nzima. Kinachoamua uhai wetu ni mvua, inayonyesha kwa msimu mmoja kuanzia karibu na Desemba hadi Aprili, na dalili zake watu walizitafuta kwenye nyota, upepo na miti. Waswahili wa pwani waliliita kundi moja la nyota Kilimia, kutokana na kulima, wakasema: “Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua.” Kalenda hiyo haikuhitaji jiwe hata moja.

Stonehenge ni habari nyingine, na hapo mjukuu wako hakudanganywa. Ilianza kama handaki na tuta la mviringo miaka ipatayo 5,000 iliyopita, na mawe makubwa yenye uzito wa wastani wa tani 25 yalisimamishwa karibu mwaka 2500 K.K. Mhimili wake unaelekea kweli jua linapochomoza siku ndefu kuliko zote na linapotua siku fupi kuliko zote. Hata hivyo, kabla ya mawe hayo makubwa mahali pale palikuwa makaburi: mabaki ya watu waliochomwa moto yalizikwa humo kwa karne kadhaa. Ukivuka hadi Senegali na Gambia unakuta hali inayofanana. Kando ya Mto Gambia kuna maduara na vilima vya makaburi zaidi ya 1,000 katika ukanda wa kilomita 350, na makundi manne yake, yenye maduara 93, yaliingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 2006. Nguzo zake zilichongwa kwa zana za chuma, na chini yake na pembeni mwake kuna wafu.

Lakini mimi ningependa zaidi ujue habari za Lothagam, huko huko Turkana, kwa sababu watu wake walifanana na sisi kuliko wajenzi wa Stonehenge. Kati ya miaka 5,000 na 4,300 iliyopita, wafugaji wa kwanza wa eneo lile walijenga jukwaa la mawe lenye upana wa mita 30 hivi, wakachimba shimo kubwa katikati yake, wakazika humo watu wasiopungua 580. Utafiti uliochapishwa mwaka 2018 ulionyesha kwamba wanaume, wanawake, watoto na wazee walizikwa pamoja, na karibu kila mmoja alizikwa na mapambo yake, bila dalili ya mtemi aliyepewa nafasi ya pekee. Shimo lilipojaa walilifunika, wakapanga mawe juu yake, wakasimamisha nguzo, baadhi zikiwa zimeletwa kutoka umbali wa hadi kilomita moja, na pembeni wakaongeza maduara na marundo ya mawe. Wakati ule mvua zilikuwa zikipungua na ziwa likirudi nyuma. Jamii iliyotawanyika na mifugo yake kila mahali, leo hapa kesho pale, ilihitaji mahali pamoja pasipohama, ambapo kila ukoo ungeweza kusema kwamba watu wake wamelala pale. Mimi naona maana hiyo inatosha, wala sihitaji kuongezewa nyota. Anayetoka ukoo wa wafugaji wa Bahi au Manyoni ataielewa kabla sijamaliza kuieleza.

Kuna tahadhari moja ambayo nilikuwa nimeiweka kando. Mwaka 1962 mwanaakiolojia Mary Leakey alikuta katika Bonde la Olduvai duara la mawe ya basalti lenye upana wa mita 4 hivi, katika tabaka lenye umri wa karibu miaka milioni 1.8, akadhani kwamba ni msingi wa kibanda au kizuizi cha upepo. Wengine wamelichunguza wakasema kwamba huenda ni mizizi ya mti iliyopasua mwamba na kuusukuma pembeni. Itale za Dodoma nazo hubanduka na kuviringika zenyewe, kwa hiyo hakikisha mawe yako hayajatoka kwenye mwamba uliopo chini yake.

Kuhusu shangazi, yeye yuko sahihi kabisa, hata kama sababu yake si hii ya kwangu. Katika duara la kale jiwe moja moja halina thamani. Habari yote imo katika mahali jiwe lilipokaa na kilichopo chini yake. Miiko ya wazee imehifadhi sehemu nyingi za kale kuliko uzio wowote wa waya. Basi lima kwa kuzunguka, piga picha ukiweka rula au jembe kando ya mawe ili ukubwa uonekane, chora ramani kwa hatua zako, kisha mpelekee afisa utamaduni wa wilaya.

SWALI: Mimi ni mwanafunzi wa sekondari hapa Dodoma mjini. Je, “henge” katika Stonehenge lina uhusiano na kihenge chetu? Na waliwezaje kuyabeba mawe hayo bila mashine?

JIBU: Uhusiano haupo, ingawa nakiri kwamba nami nililifurahia swali hili. Jina hilo linatokana na Kiingereza cha kale, na wataalamu wengi hulihusisha na maana ya kuning'inia, kwa sababu ya mawe yaliyolazwa juu ya mengine kama vizingiti vya mlango. Sauti zimegongana tu.

Ama kuhusu kubeba, mawe makubwa yalitoka karibu: uchunguzi wa kemia uliotangazwa mwaka 2020 uliyahusisha mengi yake na msitu wa West Woods, umbali wa kilomita 25 hivi. Mawe madogo, ya tani 2 hadi 5, yalitoka vilima vya Preseli huko Wales, zaidi ya kilomita 200. Mwaka 2024 likatokea la kushangaza zaidi: jiwe la tani 6 lililolala katikati lilitoka kaskazini mashariki mwa Uskoti, zaidi ya kilomita 700. Majaribio ya kisasa yameonyesha kwamba watu wengi wenye kamba, magogo na sleji ya mbao ya kuburuzia mizigo wanaweza kulivuta jiwe la aina hiyo. Kigumu zaidi ni kuwalisha watu hao na kuwafanya wakubaliane kwenda upande mmoja.

SWALI: Hapa kwetu Kondoa vijana wameanza kuchimba katikati ya duara la mawe wakisema Wajerumani walificha dhahabu chini yake. Je, kuna ukweli?

JIBU: Hapana. Chimbuko la uvumi huo nadhani ni kweli iliyopotoshwa: mwaka 1916, wakati wa vita, Wajerumani walitengeneza huko Tabora sarafu za dhahabu za rupia 15 zipatazo 16,000, kwa dhahabu ya mgodi wa Sekenke, Iramba. Sarafu hizo zilitengenezwa zitumike, wala si kufukiwa chini ya mawe ya Kondoa. Wilayani kwenu uchimbaji wa namna hii umekwisha kuharibu ardhi iliyo mbele ya baadhi ya mapango yenye michoro ya kale, ambayo ni Urithi wa Dunia tangu mwaka 2006, na ardhi ile ndiyo iliyohifadhi zana na mabaki ya waliochora.

Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inalinda kazi za mikono ya watu zilizofanywa kabla ya mwaka 1863, na kuchimba mahali pa kale bila kibali ni kosa, hata kama shamba ni lako. Toeni taarifa kwa mwenyekiti wa kijiji na kwa kituo cha Mambo ya Kale kilichopo Kolo. Shimo ambalo vijana wamekwisha kulichimba msilifukie kabla mtaalamu hajafika, kwa sababu kuta zake sasa zinaonyesha tabaka za udongo, na udongo uliotupwa pembeni uachwe hapo ulipo, kwani utachekechwa.