Punje yangu ningeipeleka kwenye saa nisiyoikumbuka

Mhariri, wiki hii mmetuuliza: ukipewa punje moja ya vumbi la wakati, ambayo ukiiweka ulimini inakurudisha kwa saa moja ndani ya siku yoyote uliyokwisha kuiishi, uone na usikie kila kitu kama kilivyokuwa lakini usiweze kubadili chochote, utaitumia wapi?

Naona majibu mengi yatakwenda kwenye harusi, kuzaliwa kwa mtoto, mazungumzo ya mwisho na marehemu. Mimi saa hizo nisingezigusa. Saa tunazozipenda ndizo tulizozisimulia mno, na kila simulizi huongeza hapa na kupunguza pale. Mwaka 1974 wanasaikolojia Elizabeth Loftus na John Palmer waliwaonyesha wanafunzi filamu ya ajali ya magari, kisha wakawauliza magari yalikuwa na kasi gani. Baadhi waliulizwa kasi ya magari "yalipobamizana", wengine "yalipogongana". Wiki moja baadaye wale wa "yalipobamizana" ndio waliosema kwa wingi zaidi kwamba waliona vioo vilivyovunjika. Katika filamu hapakuwa na kioo hata kimoja kilichovunjika. Ikiwa kitenzi kimoja kinafanya hayo kwa wiki moja, miaka ishirini ya kusimuliana hadithi ileile nyumbani imefanya nini? Punje yenu ingeniletea saa halisi kuja kushindana na saa yangu. Huenda ningegundua kwamba ule utani tunaoucheka hadi leo aliutoa mtu mwingine kabisa, na kwamba mimi siku ile nilikuwa nimenuna. Asanteni, nabaki na yangu.

Punje yangu ningeipeleka nyuma kabisa, kabla sijafikisha miaka mitatu.

Kumbukumbu za watu wazima walio wengi huanzia kwenye umri wa miaka mitatu au mitatu na nusu hivi. Kabla ya hapo ni kiza, ingawa ndio wakati tulipojifunza kutembea, kusema na kutambua nyuso. Si kwamba hakuna kilichoingia. Mwaka 1980 watafiti Anthony DeCasper na William Fifer walionyesha kwamba watoto wasiozidi siku tatu tangu kuzaliwa walibadili namna ya kunyonya chuchu ya bandia ili wasikie sauti ya mama yao badala ya sauti ya mwanamke mwingine. Masikio yalikuwa kazini tangu mwanzo. Maelezo mojawapo ya usahaulifu huo yalitoka kwa watafiti wa Toronto mwaka 2014, waliofanya kazi na panya. Katika utoto, hipokampasi, sehemu ya ubongo inayosaidia kuhifadhi kumbukumbu, huzalisha seli mpya za neva kwa wingi, na hizo zikijipenyeza huvuruga mitandao ya seli iliyokwisha kuundwa. Walipopunguza uzalishaji huo kwa panya wachanga, usahaulifu ulipungua. Walipouongeza kwa panya wakubwa, nao wakasahau. Kwa hiyo ipo sehemu ya maisha yangu ambayo niliihudhuria kwa macho na masikio, na leo naijua kwa kuambiwa tu.

Ninachokitaka humo ni mazungumzo ya watu wazima. Mbele ya mtoto wa miaka sita watu hushusha sauti au hubadili mada. Mbele ya mtoto wa mwaka mmoja husema yote: madeni, hofu, jirani, nani hakufurahia ndoa hii, kama jina la mtoto lilikuwa chaguo zuri. Wazazi wangu nimewajua kama wazazi tu, watu waliokwisha kuamua. Sijawahi kuwasikia walipokuwa na umri mdogo kuliko wangu wa leo, wakiwa wamechoka, hawajui watafanyaje, wakibishana bila kujali kwamba kuna anayesikiliza. Na wapo walionibeba, wakanijua, wakafa kabla sijaanza kukumbuka. Hao ninao kwenye picha, na picha hazina sauti. Saa moja ya mmoja wao akiongea mambo ya kawaida kabisa, hata akilalamika kuhusu mgongo wake, ningeibadilisha na harusi kumi.

Najua hatari yake. Punje inarudisha kile tu nilichokiona na kukisikia, kwa hiyo wakitoka nje nami nikabaki kitandani, nimepata saa nzima ya dari. Tena mtoto mchanga hulala saa 14 hadi 17 kwa siku. Ukikosea kidogo umetumia uchawi wote kwenye usingizi. Ningechagua jioni, mwaka wa pili, saa ambayo mtoto amegoma kulala na wakubwa wamekata tamaa ya kumlaza.

Lakini nina masharti mawili. La kwanza nimelitoa kwa Wagiriki wa kale. Pausanias, msafiri wa karne ya 2, ameeleza kwamba huko Lebadeia mtu aliyetaka kushuka kwenye pango la uaguzi la Trophonius kutafuta majibu alinyweshwa maji mawili: kwanza ya Lethe, ayasahau yote aliyokuwa akiyawaza, kisha ya Mnemosyne, akumbuke atakayoyaona chini. Mpangilio huo una akili. Kuhusu utoto wangu nimeshajazwa hadithi na shangazi na wajomba, na nikiingia nazo nitasikia hadithi zao badala ya kilichosemwa. Kwa hiyo punje inifutie kwanza niliyoambiwa, ndipo inifungulie mlango.

La pili ndilo kubwa, na swali lenu limelinyamazia. Nikirudi, narudi na akili ipi? Mkinirudisha na akili ya wakati ule, nitasikia sauti zinapanda na kushuka, nitatambua nani amekasirika, na basi, maana hayo hata wakati ule niliyapata. Nahitaji masikio ya mtoto na akili ya leo. Bila hiyo hakuna nitakachoelewa, na nikitoka nitakuwa sina hata la kuwaandikia.

Msipoyakubali masharti hayo, punje yangu mpeni msomaji mwingine. Wa harusi hawatakosekana.