Maswali ya Wasomaji: Minecraft Haifunguki, Minecraft Haiungani

Barua nne tulizozichagua safari hii zinahusu mchezo mmoja, Minecraft, na karibu zote zinasimulia tiba ileile iliyojaribiwa mwanzo na ikashindwa, yaani kuufuta mchezo na kuusakinisha upya. Kwa maoni yetu hatua hiyo ingekuwa ya mwisho. Inamaliza bando, na fundi asiye mwangalifu akifuta folda nzima ya mchezo huondoka pia na dunia zote ambazo mtoto amezijenga kwa miaka. Matatizo yaliyoelezwa humu hayakuwa ndani ya mchezo wenyewe, na kompyuta ilikwisha kusema yalipo.

SWALI: Mhariri, nilinunua kompyuta ya mezani iliyotumika ofisini, yenye prosesa ya Intel Core i5-2400 na RAM ya GB 8. Minecraft inapakuliwa mpaka mwisho, lakini nikibofya kitufe cha kuanza dirisha linatokea na kutoweka, kisha linakuja tangazo la hitilafu lenye maneno GLFW na OpenGL. Fundi amebadilisha Windows, hali ni ileile. Sasa anasema niongeze RAM. (Msomaji, Arusha)

JIBU: Usinunue RAM. Mchezo huu bila nyongeza zozote hutosheka na GB 2 hadi 4, nawe unazo za kutosha na kubaki. Rudi kwenye tangazo lile ulisome tena, safari hii ukitafuta namba iliyo ndani yake, kwani kwa kawaida itakuwa 65542 au 65543, na ingawa namba hizi zinafuatana, kila moja ina tiba yake.

GLFW ni kipande cha programu kinachoufungulia mchezo dirisha, na OpenGL ni utaratibu ambao mchezo huutumia kuiagiza kadi ya michoro ichore kitu kwenye skrini. Namba 65542 maana yake ni kwamba utaratibu huo haukupatikana kabisa, na sababu ya kawaida ni kwamba draiva ya kadi, yaani programu inayoiwezesha Windows kuitumia kadi hiyo, haijasakinishwa, jambo linalotokea sana baada ya fundi kuweka Windows mpya na kuondoka. Fungua Device Manager, tazama sehemu ya Display adapters, na ukikuta pameandikwa Microsoft Basic Display Adapter, ujue Windows inatumia draiva ya dharura inayotosha kuandika barua lakini si kuchora dunia ya Minecraft. Pakua draiva kutoka kwenye tovuti ya kampuni iliyotengeneza kompyuta yako, kwa kutumia namba ya modeli iliyobandikwa kwenye kasha, na ujiepushe na zile programu zinazojitangaza kuwa hutafuta draiva zenyewe, kwa sababu nyingi huleta matangazo kuliko draiva.

Namba 65543 ni habari nyingine. Hiyo inasema kwamba OpenGL ipo, ila toleo linalotakiwa halipo, na kwa prosesa uliyoitaja tunaamini hilo ndilo lililokupata. Core i5-2400 ilitoka mwaka 2011 ikiwa na kadi ya ndani iitwayo HD Graphics 2000, ambayo kwenye Windows inafikia OpenGL 3.1. Minecraft, kuanzia toleo 1.17 la Juni 2021, inadai angalau 3.2. Hakuna draiva itakayoziba pengo hilo, wala Windows mpya, wala RAM.

Zimebaki njia mbili. Ya kwanza haina gharama: ndani ya lancha, yaani programu unayoanzishia Minecraft, fungua ukurasa wa Installations, tengeneza usakinishaji mpya, na uchague toleo 1.16.5, ambalo ndilo la mwisho kabla ya sharti hilo kuwekwa. Utakosa yaliyoongezwa baadaye, na hutaweza kuingia kwenye seva inayodai toleo jipya, lakini utacheza leo. Tahadhari ni moja, kwamba usifungue kwa 1.16.5 dunia iliyokwisha kuchezwa kwenye toleo jipya zaidi, kwa sababu tangu toleo 1.18 urefu wa dunia uliongezwa kutoka vipande 256 hadi 384, na toleo la zamani haliwezi kuyabeba yaliyojengwa huko. Njia ya pili ni kutafuta kadi ya michoro ndogo, mfano GeForce GT 1030, ambayo hutumia takriban wati 30 na haihitaji waya wa umeme wa ziada. Kompyuta nyingi za ofisi zina kasha jembamba, kwa hiyo kabla ya kulipa hakikisha kadi ni ya kimo kifupi na ina bati lake fupi. Ukishaiweka, chomeka waya wa skrini kwenye kadi mpya na si pale ulipokuwa mwanzo. Wapo waliorudisha kadi nzima dukani kwa kosa hilo tu.

Kwa wasomaji wengine ambao mchezo unafunga bila kutaja OpenGL, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %appdata%, ingia kwenye folda ya .minecraft na kisha logs, ufungue faili iitwayo latest.log na kuisoma kuanzia chini. Ukikuta maneno UnsupportedClassVersionError pamoja na namba 65.0, kinachotakiwa ni Java 21 (Java ni programu inayouendesha mchezo); namba 61.0 inamaanisha Java 17. Hitilafu hiyo huwapata zaidi wanaoendesha seva kwa Java waliyoisakinisha wenyewe zamani, kwani lancha rasmi huja na Java yake. Na kama umeweka nyongeza, ziondoe zote kwenye folda ya mods kabla ya kumlaumu yeyote, kisha uzirudishe chache chache.

SWALI: Mimi ni mwalimu mlezi wa klabu ya kompyuta. Tunatumia Wi-Fi moja, mwanafunzi mmoja anafungua dunia kwa LAN, yaani mtandao wa ndani, lakini wenzake hawaioni kwenye orodha. Jambo la ajabu ni kwamba wiki iliyopita baadhi yao waliiona. (Mwalimu, Kilifi)

JIBU: Mwalimu, hakikisha kwanza kwamba wote wanacheza mchezo mmoja. Minecraft ipo ya aina mbili: Java Edition, ambayo ni ya kompyuta tu, na Bedrock, inayochezwa kwenye simu, kwenye Xbox na pia kwenye Windows. Kwa sura hazitofautiani sana, ila haziwasiliani, kwa hiyo mwanafunzi mwenye simu hataiona dunia iliyofunguliwa kwenye Java hata mkikesha. Toleo nalo kwa kawaida lazima lilingane mpaka tarakimu ya mwisho, 1.20.1 na 1.20.4 ni mbalimbali, na huenda wiki iliyopita lancha ya mmoja wao ilikuwa haijajisasisha.

Yakilingana hayo, inafaa kujua orodha ile inajaa vipi. Kompyuta iliyofungua dunia hutuma tangazo kila baada ya sekunde moja na nusu kwenye anwani ya pamoja, 224.0.2.60, na kompyuta nyingine husikiliza. Matangazo ya namna hii ndiyo ya kwanza kupotea kwenye Wi-Fi, aidha kwa sababu ruta huyazuia, aidha kwa sababu kompyuta ina programu kama VirtualBox iliyoongeza kadi bandia ya mtandao na tangazo likatokea upande usio na mtu. Hivyo orodha inaweza kuwa tupu huku njia yenyewe ikiwa wazi. Achana nayo. Soma namba ya poti, yaani mlango wa mtandao ambao mchezo husikiliza, inayoandikwa kwenye skrini dunia inapofunguliwa, kisha kwenye kompyuta hiyohiyo andika ipconfig katika dirisha la amri ili upate anwani ya IPv4, yaani namba inayoitambulisha kompyuta kwenye mtandao, mfano 192.168.1.14. Wanafunzi wengine wachague Direct Connection na kuandika anwani, nukta mbili, na poti bila kuacha nafasi: 192.168.1.14:54321. Poti hubadilika kila dunia inapofunguliwa, isipokuwa katika matoleo ya kuanzia 1.19.3, ambako unaweza kuichagua mwenyewe.

Wakiingia, kazi imekwisha. Wasipoingia, sasa mna jibu la kusoma. “Connection refused” maana yake ni kwamba kompyuta ya mwenyeji imefikiwa lakini hakuna anayesikiliza kwenye poti ile, basi namba imekosewa au dunia imefungwa. “Connection timed out” ni kimya, hakuna aliyejibu, na katika chumba kimoja kimya hicho kwa kawaida husababishwa na fayawoli ya Windows, yaani kinga inayochuja mawasiliano ya mtandao, au na ruta. Mara ya kwanza mchezo unapofunguliwa kwa wengine, Windows huuliza kama Java iruhusiwe, na mwanafunzi mwenye haraka akibofya Cancel, Windows huandika sheria ya kuizuia na haiulizi tena. Fungua orodha ya programu zilizoruhusiwa kwenye fayawoli, tafuta OpenJDK Platform binary, uweke alama kwenye mtandao binafsi, na uhakikishe Wi-Fi yenu imesajiliwa kwenye Windows kuwa ya binafsi na si ya umma. Hatushauri kuizima fayawoli yote, hasa shuleni.

Likibaki la ruta, tazama kama mko kwenye mtandao wa wageni au kama kipengele cha AP Isolation kimewashwa. Kazi yake ni kuvitenga vifaa visionane, na mitandao mingi ya taasisi huwekwa hivyo kwa makusudi, wakati mwingine bila mwalimu kuambiwa. Kama huna ruhusa ya kuibadilisha, swichi ndogo ya matundu manane na nyaya zake itawaunganisha bila hata intaneti, mradi kila mmoja awe amekwisha kuingia kwenye akaunti yake kabla.

SWALI: Nimeweka seva ya Minecraft nyumbani ili nicheze na kaka yangu aliyeko Muscat. Nimefungua poti 25565 kwenye ruta yangu ya 4G kama video zinavyoelekeza. Mimi naingia, mdogo wangu aliye sebuleni anaingia, kaka haingii, anaona “Connection timed out”. (Msomaji, Mwanza)

JIBU: Kuingia kwa mdogo wako kumethibitisha kwamba seva ni nzima, kwa hiyo usiiguse tena. Tatizo liko nje ya mlango wako. Ingia kwenye ukurasa wa ruta, usome anwani ya IP iliyo upande wa intaneti, kisha ufungue tovuti yoyote inayoonyesha anwani yako na kuzilinganisha. Zikiwa tofauti, au ile ya ruta ikianza kwa 10, au ikiwa kati ya 100.64 na 100.127, basi uko nyuma ya kile kinachoitwa CGNAT.

Anwani za IPv4 ni takriban bilioni 4.3 kwa ulimwengu mzima na hazitoshi, hivyo mitandao mingi ya simu huwaweka wateja wengi nyuma ya anwani moja ya umma, na mwaka 2012 fungu hilo la 100.64 lilitengwa rasmi kwa kazi hiyo. Wewe unaweza kutoka, maana unapoanzisha mazungumzo mtambo wa kampuni hukumbuka ni nani aliyeuliza. Kaka yako akigonga kutoka nje, mtambo haujui ampeleke kwa mteja yupi, na unamwacha hapohapo. Kufungua poti kwenye ruta yako hakufiki kwenye mtambo ule, na video nyingi haziligusi suala hili kwa sababu zimetengenezwa na watu ambao ruta zao zina anwani ya umma.

Waulize watoa huduma wako kama wanakodisha anwani ya umma isiyobadilika. Wengine wanayo kwenye vifurushi vya ofisi. Wakikosa, kwa watu wawili au watatu sisi tungependelea Realms, huduma ya kulipia ya waundaji wa mchezo wenyewe, inayomruhusu mwenye nayo kucheza na hadi watu kumi kwa wakati mmoja na haihitaji ruta kuguswa. Njia ya tatu ni programu kama Tailscale au ZeroTier, zinazotengeneza mtandao wa binafsi kati ya kompyuta zenu, kisha kaka akaandika anwani aliyopewa na programu hiyo badala ya ile ya nyumbani. Hizi ni za jamii ya VPN, na kwa kuwa uko Tanzania, kumbuka kwamba Oktoba 2023 TCRA, mamlaka ya mawasiliano, ilitoa tangazo la kuwataka watumiaji wa VPN kuzisajili. Soma masharti yao kwanza.

Vyovyote utakavyofanya, washa orodha ya walioalikwa, yaani whitelist, na usiizime online-mode kwenye faili ya server.properties hata ukishauriwa kwamba ndiyo dawa ya kuunganika. Ukiizima, seva haihakiki akaunti tena, na yeyote anaweza kuingia kwa jina lako.

SWALI: Mwanangu hawezi kuingia kwenye akaunti yake ya Minecraft asubuhi, hasa usiku umeme ukikatika. Nikibadilisha tarehe ya kompyuta inakubali. Sasa hata nikibadilisha inagoma. (Mama, Tanga)

JIBU: Mama, umeshalipata tatizo mwenyewe. Betri ndogo ya duara iliyo ndani ya kompyuta ya mezani, aina ya CR2032, imekwisha, na umeme ukikatika saa inarudi miaka ya nyuma. Lancha inapowasiliana na seva za akaunti hupokea vyeti vya usalama vyenye tarehe za kuanza na kwisha. Kompyuta inayodhani ni mwaka 2012 huviona vyeti hivyo kuwa bado havijaanza kutumika, na inakataa kuendelea. Betri hiyo hupatikana madukani kwa sababu hutumika pia kwenye rimoti za magari. Zima kompyuta, chomoa waya wa umeme, uibadilishe ukizingatia upande wenye alama ya kujumlisha.

Kuhusu kugoma hata baada ya kuirekebisha saa, angalia ukanda wa saa. Windows iliyosakinishwa bila kubadilishwa mara nyingi hubaki kwenye saa za pwani ya magharibi ya Marekani, na mtu akiipangia saa ya Tanga kwa mkono, inaonekana sahihi kwenye skrini ilhali kwa hesabu za ndani imepishana kwa saa 10 au 11. Chagua UTC+03:00 Nairobi, washa upangaji wa saa wa moja kwa moja, bofya Sync now, kisha umwambie mwanao afunge lancha kabisa na kuifungua upya.