Kabla Hujaandika Barua ya Kuacha Kazi

Juzi usiku kijana mmoja alinitumia ujumbe: "Dada, nina miaka sita wizarani. Nataka niache kazi, niandike safari zangu, halafu nigombee ubunge. Wewe uliwezaje?"

Sikuweza, mdogo wangu. Kwenye kura za maoni za chama nilipata kura 11, na wajumbe waliokula pilau langu walipita 100. (Ndiyo, takrima ni kosa. Hii ni toba.)

Aliyenitia wazimu ni Fitzroy Maclean. Nilikuwa karani wa itifaki kwenye ubalozi wetu nje, nikasoma habari zake nikaona huyu ni mimi. Mskoti, mzaliwa wa Cairo, mwanadiplomasia wa Uingereza aliyekuwa anakula raha Paris. Mwaka 1937 akaomba mwenyewe ahamishiwe Moscow, kwa Stalin! Kila akipata likizo anapanda treni kuelekea Samarkand na Bukhara, makachero nyuma yake. Bukhara alilala bustanini, na wale makachero masikini ikabidi walale hapohapo.

Vita Kuu ya Pili ilipoanza alitaka kwenda jeshini, wizara ikamkatalia. Hakugombana na mtu. Alifungua kanuni akakuta ofisa anayeingia siasa lazima ajiuzulu. Akaenda kwa wakubwa: nataka siasa. Barua ikapokelewa, akapanda teksi hadi kituo cha kuandikisha askari, akaanza kama askari wa kawaida. Ila neno alishalitoa, kwa hiyo ikambidi agombee kweli, na mwaka 1941 wapiga kura wa jimbo la Lancaster wakampa ubunge. Waziri Mkuu Churchill alimtania kwamba amelifanya Bunge choo cha umma, yaani pa kumalizia haja zake tu. Bungeni alikaa hadi 1974.

Mimi katika yote hayo nilisikia "alijiuzulu" tu.

Barua yangu niliiandika usiku mmoja, kwa hasira, baada ya bosi kunipa mtu mwingine safari niliyoiandaa kwa miezi minne. Kanuni sikufungua. Mafao yaliyonipotea kwa kukosea tarehe ya notisi yangenilipia mwaka mzima wa kuandika. Bado inaniuma, nisikudanganye.

Kwa hiyo soma kanuni. Zisome tena. Usiandike barua ukiwa na hasira, na ubunge usiugombee ili kumkomoa bosi wako, maana wajumbe wananusa hasira haraka kuliko pilau. Vijana wa siku hizi mnapenda mlango wa kutokea, hamuulizi unafungukia wapi. Mshahara si utumwa! Mshahara ndio nauli. Maclean alikwenda Bukhara kwa likizo za serikali, na kitabu chake, Eastern Approaches, kilitoka 1949, akiwa ameshapigana jangwani na kukaa na Tito, kiongozi wa wapiganaji wa msituni, milimani Yugoslavia.

Na andika sasa, ukiwa bado kazini. Nikiwa likizo niliwahi kupanda Liemba, meli ya Ziwa Tanganyika, Kigoma hadi Mpulungu, Zambia, nikalala sitahani. Kila kituo mitumbwi inaisogelea meli gizani, watu wanapandisha magunia ya dagaa huku wanagombea kamba, mtoto anapitishwa mkono kwa mkono kama furushi. Nikajiambia nitaandika nikishaacha kazi. Daftari la safari ile lina kurasa mbili, moja ni hesabu ya nauli. Harufu ya dagaa ninayo mpaka leo. Jina la yule mama aliyenigawia upande wa khanga yake nijifunike, sina.