Pai ya kastadi ya Kusini mwa Marekani: ganda linataka moto mkali, mayai yanataka moto mpole

Pai ya kastadi inayookwa majumbani Georgia, Alabama, Mississippi na Tennessee haina kiungo cha kukisumbukia: mayai, maziwa, sukari, siagi, unga wa ngano, vanila na kungumanga. Ni pai ya mashambani, ya nyumba yenye kuku na ng'ombe, inayookwa hata pale ambapo msimu wa matunda umepita. Ugumu wake uko kwenye moto. Ganda la unga linataka moto mkali ili likauke na livunjike kwa wepesi mdomoni. Mayai yaliyochanganywa na maziwa yanataka moto mpole, vinginevyo yanakatika. Vyote viwili vinakaa kwenye chombo kimoja, na ukiichunguza pai iliyoharibika, mara nyingi utakuta kimoja kilipewa moto wa mwenzake.

Kwanza weka pembeni lile kopo la unga wa kastadi. Unga ule ulibuniwa na Alfred Bird huko Birmingham, Uingereza, mwaka 1837, kwa kuwa mkewe hakuweza kula mayai. Ni wanga wenye rangi na harufu ya vanila, na wanga haushiki mpaka ukaribie kuchemka. Mayai yako kinyume kabisa. Yakichanganywa na maziwa na sukari, huanza kushikana kwenye nyuzi joto 70 na kitu, huwa tayari kati ya 77 na 80, na yakipita 85 hujikaza, yanakamua maji yote yaliyokuwa yameshikilia. Pai hii haitumii huo unga hata kijiko kimoja, kwa hiyo huna wanga wa kukuokoa ukisahau kutazama oveni.

Tuanze na ganda, kwa sababu linaokwa kwanza peke yake. Vipimo hivi ni vya chombo cha pai chenye upana wa sentimita 23 na kina cha sentimita 4: unga wa ngano gramu 170, siagi baridi gramu 115, chumvi nusu kijiko cha chai, sukari vijiko viwili vya chai, na maji ya barafu vijiko vikubwa vitatu hadi vinne. Waokaji wa Kusini wanapenda sana unga wa ngano laini, kama White Lily, uliosagwa Knoxville, Tennessee, kuanzia mwaka 1883 hadi 2008, ambao una protini kidogo na kwa hiyo haujengi gluteni nyingi, yaani ile nyuzi inayolifanya donge livutike. Ukiwa na unga wa kawaida wa nyumbani, toa vijiko vikubwa viwili, uweke konflawa mahali pake. Utakaribia ulaini ule. Unga maalumu wa mikate haufai, ganda litakuwa gumu na litasinyaa. Unga unaojiumua wenyewe nao haufai, maana utavimba na kula nafasi ya kastadi.

Wengi kule huchanganya siagi na mafuta ya nguruwe nusu kwa nusu. Asiyeyatumia hapungukiwi na kitu: siagi peke yake inatoa ladha nzuri zaidi, na ukitaka donge lisilolegea haraka, badilisha theluthi ya siagi kwa mafuta mgando ya mboga, ambayo yanachelewa kuyeyuka.

Kata siagi vipande vidogo, uisugue ndani ya unga kwa ncha za vidole mpaka vipande vikubwa vibaki na ukubwa wa mbaazi. Usiendelee mpaka iwe kama mchanga. Vile vipande ndivyo vinavyoyeyuka ndani ya oveni na kuacha tabaka. Siagi ikiyeyuka mapema mkononi, unga unainywa na ganda linatoka kama biskuti nzito. Mahali penye joto, Mombasa au Dar es Salaam mchana, bakuli la unga na siagi likae kwenye friza dakika 15 kabla ya kuanza, na tena katikati ya kazi ukiona siagi inang'aa. Nyunyiza maji kidogo kidogo. Donge likishikana ukilibana ganjani, acha hapo hapo, hata kama linaonekana kavu. Usilikande kama donge la chapati, kwa sababu kukanda ndiko kunakoamsha gluteni.

Libonyeze liwe bapa, lifunge, likae kwenye friji saa moja. Kisha lisukume kwa kifimbo cha chapati mpaka liwe na unene wa milimita 3 na upana wa sentimita 32 au 33. Lilaze ndani ya chombo bila kulivuta; sehemu iliyovutwa itarudi nyuma kwenye moto na ukingo utashuka. Kunja ukingo, uufinye kwa vidole usimame juu kidogo ya chombo, halafu rudisha kwenye friji nusu saa nyingine. Watu wengi huiruka hatua hii ya pili ya friji, na ndiyo maana maganda yao husinyaa.

Usilitoboe kwa uma. Kwa pai ya matunda mazito matundu hayana shida, lakini kastadi mbichi ni nyepesi kama maziwa na itapita humo, iungue chini ya ganda na kuligandisha kwenye chombo. Tandaza karatasi ya kuokea, jaza maharage makavu au mchele mpaka ukingoni, uoke kwenye nyuzi joto 200 kwa dakika 20 hadi 25. Ondoa karatasi pamoja na maharage, rudisha dakika 8 hadi 10, mpaka sehemu ya chini iwe kavu na yenye rangi ya dhahabu. Rangi hii ni muhimu. Ganda likiingia na kastadi likiwa jeupe, litabaki jeupe na bichi, kwa sababu moto wa kastadi ni mdogo mno kulimalizia. Chukua ute kidogo wa yai, upake ndani ya ganda la moto, rudisha dakika 2. Ute unakauka na kuziba vinyweleo na nyufa ndogo. Ufa mkubwa uzibe kwa kipande cha donge ulichobakiza.

Mapishi mengi ya zamani yanaweka kastadi kwenye ganda bichi, yanaanza na moto wa nyuzi joto 220 kwa dakika 10 au 15, halafu yanapunguza. Nia inaeleweka: kulipa ganda moto wake kwanza. Lakini dakika hizo zinatosha kuzikaza kingo za kastadi kabla katikati hakujapata joto, na sehemu ya chini ya ganda bado inalowa. Njia nyingine ya kale ilikuwa kuoka kastadi na ganda katika vyombo viwili vya kipimo kimoja, kisha kuitelezesha kastadi iliyopoa ndani ya ganda. Inafanya kazi, lakini inataka mkono mwepesi kwelikweli, na kuoka ganda kwanza kunakupa faida ileile bila hatari ya kuivunja kastadi vipande.

Kastadi yenyewe: mayai manne makubwa, sukari gramu 120, maziwa yenye mafuta yote mililita 550, chumvi robo kijiko cha chai, vanila vijiko viwili vya chai. Mayai manne makubwa bila maganda ni gramu 200 hivi. Mayai ya kienyeji ni madogo, kwa hiyo yapime, pengine utahitaji matano. Yakipungua, pai haitasimama ukiikata. Yakizidi, italeta harufu ya yai na kuwa kama kimanda. Maziwa yaliyotolewa mafuta yanatoa kastadi nyembamba inayotoa maji upesi. Ukitaka utajiri zaidi, mililita 150 za maziwa zibadilishe kwa krimu au kwa maziwa mazito ya kopo yasiyo na sukari.

Piga mayai na sukari na chumvi polepole kwa mchapo, ukiugusisha chini ya bakuli. Hutaki povu. Povu linapanda juu, linaoka likiwa na matundu, na uso wa pai unakuwa na vipele. Pasha maziwa mpaka yatoe mvuke na vipovu vidogo vionekane kandokando ya sufuria, yaache yapoe dakika chache, kisha yamimine kwa mkondo mwembamba juu ya mayai huku unakoroga. Yakimwagwa yote kwa mpigo yakiwa yanachemka, yatayapika mayai papo hapo. Kuyapasha kuna sababu yake: kastadi inayoingia ovenini ikiwa vuguvugu inaiva haraka na kwa usawa, ganda halikai muda mrefu likiloweshwa. Weka vanila, chuja kwa chujio jembamba ili kamba za mayai zibaki juu, na uondoe povu kwa kijiko.

Shusha oveni iwe nyuzi joto 160, au 140 kama ina feni. Weka ganda, likiwa bado na joto, kwenye rafu ya chini kidogo ya katikati, vuta rafu nusu, mimina kastadi hapo hapo, halafu kungumanga ikune juu yake. Kungumanga nzima inayokunwa wakati huo, na ile ya Unguja na Pemba ni nzuri mno, haifanani kabisa na unga wa kwenye kichupa uliokaa mwaka mzima. Robo kijiko cha chai inatosha.

Itachukua dakika 40 hadi 50, lakini anza kutazama ikifika dakika 35. Oveni nyingi za gesi za nyumbani hudanganya kwa nyuzi joto 20 au zaidi, kwa hiyo kipimajoto cha kuning'iniza ndani ya oveni ni chombo cha lazima kwa pai hii kuliko mashine yoyote ya kukorogea. Ukingo ukianza kuungua, uzungushie foili.

Hapa ndipo pai nyingi zinapopotea: mpishi anasubiri mpaka katikati kushike. Usisubiri. Sukuma chombo kidogo. Ukingo uwe umetulia, na katikati, upana wa sentimita 6 hivi, patikisike kwa pamoja kama mtindi mzito ndani ya bakuli. Pakitembea mawimbi kama maji, bado. Kwa kipimajoto cha chakula, katikati pasome nyuzi 77. Kwa kisu, kichome nusu ya njia kati ya ukingo na katikati. Kikitoka safi, toa. Kisu kikitoka safi katikati kabisa, umechelewa, maana joto lililomo litaendelea kuipika pai dakika kadhaa nje ya oveni. Iliyopitiliza inajionyesha ikikatwa: vitundu vidogo ndani, maji ya rangi ya njano chini ya kipande, na uso uliovimba kisha ukapasuka ukipoa.

Pai ipoe kwenye waya wa kupozea, hewa ipite chini, saa moja hadi mbili. Chumba kikiwa na joto la zaidi ya nyuzi 32, isikae nje kupita saa moja, kwa kuwa mayai na maziwa haviwezi kuvumilia zaidi. Ipeleke kwenye friji bila kuifunika mpaka ipoe kabisa. Ukiifunika mapema, mvuke unadondoka juu yake na utadhani kastadi imetoa maji. Ikae saa nne kabla ya kukatwa, kwa kisu chembamba kinachofutwa kila mkato. Utamu wake uko siku ile na inayofuata. Siku ya tatu bado inalika, ila ganda limeshalegea. Isiwekwe kwenye friza: barafu inavunja ushikano wa mayai, na ikiyeyuka unabaki na maji.

Kama oveni yako haitabiriki, anza na ndugu yake, pai ya maziwa mgando, ambayo Kusini zamani ilitumia maziwa chachu yaliyobaki baada ya kusukwa siagi. Mtindi au mala isiyo na sukari unafaa ukikorogwa mpaka uwe laini. Piga mayai matatu na sukari gramu 250, ongeza siagi iliyoyeyushwa gramu 85, unga wa ngano vijiko vikubwa vitatu, mtindi mililita 240, maji ya limau kijiko kikubwa kimoja na vanila. Ganda lilelile lililookwa, nyuzi joto 175, dakika 45 hivi, mpaka uso uwe na rangi ya kahawia hafifu. Chembe za wanga wa ule unga wa ngano zinayazuia mayai yasikazane haraka, kwa hiyo inavumilia moto mkubwa zaidi na dakika tano za usahaulifu ambazo zingeiharibu ile ya kwanza. Sukari nayo isipunguzwe chini ya gramu 200, kwa sababu ndiyo inayoipa ulaini na kuusawazisha uchachu wa mtindi.