Barua kwa mwanangu: jinsi Jacques Tati alivyofilisika

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata, na nimefurahi kusikia kwamba masomo yako ya filamu yanakwenda vizuri. Umeniuliza imekuwaje Mfaransa Jacques Tati, aliyeandika, kuongoza na kuigiza filamu zake mwenyewe, na ambaye Mon Oncle yake ilipata tuzo ya Oscar mwaka 1959, akaja kufilisika hata haki za filamu zake zikamtoka mikononi.

Jibu la haraka ni gharama. Kwa ajili ya Playtime, iliyotoka mwaka 1967, alijenga mji mzima wa kuigizia pembezoni mwa Paris, wenye majengo ya chuma na vioo, akairekodi kwa mkanda mpana wa milimita 70 kwa takriban miaka mitatu, huku madeni yakizidi kumwelemea. Wapo wanaomwita mfujaji, nami sikubaliani nao: Tati alianzia kwenye kumbi za burudani, akichekesha watu kwa kuwaigiza wanamichezo bila kutamka neno, na msanii wa jukwaani anajua kwamba kichekesho kikichelewa kidogo tu, kimekufa; usahihi huo ndio aliokuwa akiulipia.

Kilichomponza zaidi, nionavyo mimi, ni kumweka kando Bwana Hulot, mhusika aliyemwigiza mwenyewe, yule mrefu wa kiko na koti la mvua ambaye watazamaji walimpenda tangu mwaka 1953. Katika Playtime, Hulot huibuka na kupotelea katika umati, kwa sababu Tati alitaka kila mtu achekeshe, hata mpita njia. Angalia pale mlango wa kioo wa mgahawa unapovunjika: bawabu anabaki na kishikio mkononi, na kila wageni wanapofika anakipeleka hewani kana kwamba anawafungulia, nao wanaingia kwa adabu zote. Aliyeuvunja ni Hulot, lakini kicheko anakichukua bawabu. Waliolipa kiingilio ili wamwone Hulot hawakumsamehe.

Aliendelea na Trafic mwaka 1971, kisha Parade mwaka 1974, hii ikitengenezwa kwa ajili ya televisheni ya Sweden, akafariki mwaka 1982.

Anza na Mon Oncle, kisha Playtime, ila tafadhali usiitazame hiyo ya pili kwenye simu. Vichekesho vyake vingi viko kwenye kona za picha, na hutaviona.

Ni mimi baba yako.