Usiliulize Sikio

Mwanangu,

Umeniuliza rubani mwenye vyeti vyake na akili zake timamu anawezaje asijue kwamba ndege imelala upande. Kutojua ni rahisi mno. Ndani ya sikio mna vifereji vitatu vyenye majimaji. Ndege ikianza kugeuka, majimaji huchelewa, vinyweleo vilivyomo vikalala, nawe ukahisi mgeuko. Ukiendelea kugeuka kwa mwendo uleule sekunde 10 hadi 20, majimaji huwa yameshaufikia mwendo ule, vinyweleo husimama wima, na mwili wako huapa kwamba mnakwenda sawasawa. Ndege ikilala polepole sana, sikio halishtuki kabisa. Ndiyo maana sichoki kukwambia: usiliulize sikio.

Kazi ni kukiamini kipimo cha upeo, kile kinachoonyesha ndege imelalaje, ukishashtuka, na wewe ni mbishi kama babu yako. Nikifika hapa narudi Douala, kule Kamerun, usiku wa tarehe 5 Mei 2007, kwa ile ndege iliyokuwa ikielekea Nairobi na watu 114. Hakupona hata mmoja. Nje giza totoro, upeo hauonekani. Kapteni alitamka kwamba otopailoti, mtambo wa kuiendesha ndege yenyewe, ishike, haikushika. Ndege ikawa inalalia kulia taratibu, karibu dakika nzima, na kipimo cha upeo hakuna aliyekitazama. King'ora kilipolia, mlalo wake umeshapita nyuzi 30. Kapteni akaudaka usukani, akauzungusha kulia. Kulia, mwanangu! Kisha kushoto, kisha kulia tena.

Mamako anajua linavyoniuma hili. Mara nasema kipimo kilikuwa mbele ya macho yake, buluu ya anga juu, kahawia ya ardhi chini. Mara najijibu kwamba aliyeshtuliwa gizani hasomi, anadaka tu. Na rubani msaidizi je? Ninalo la kusema juu yao, limenikaa kooni, lakini nalimeza. Wenyewe hawapo wajitetee.

Yakikukuta, usigeuze kichwa ghafla. Tazama kipimo cha upeo, kilinganishe na cha mwenzako na kile cha akiba. Ikiwa ndege inazama huku ikizunguka, punguza nguvu ya injini, nyoosha mabawa kwanza, ndipo uinue pua taratibu. Ukivuta usukani kabla mabawa hayajanyooka, mzunguko unakaza na unazidi kuzama. Ukishanyoosha, sikio litakwambia sasa umelalia upande wa pili. Usiliulize. Mabawa yaache hivyohivyo.

Babako